Mayai ya Mke Mwenza

Mama Vifaranga alikuwa na mke mwenza mwenye mkia. Hilo si tusi; ni jina alilolileta marehemu mumewe. Kila jioni mwanaume yule alirudi nyumbani ananuka mchanga mbichi na nyenje, mkewe akimwuliza ametokea wapi na shati lile, naye anajibu bila haya, "Kwa mke mwenzio." Alikuwa mtunzaji wa nyumba ya vioo kwenye bustani ya wanyama. Mke mwenza mwenyewe alikuwa mjusi wa msituni, wa kijani, mrefu kama mkono wa mtu mzima kuanzia begani, na theluthi mbili za urefu huo ni mkia mtupu.

Marehemu alipotangulia, kazi alipewa mjane wake. Kabla ya hapo mama huyu alikuwa amekaa miaka ishirini na sita kwenye kiwanda cha kutotolesha vifaranga vya kuku, ndiyo maana hata leo hakuna anayemwita jina jingine. Msimamizi wa bustani alimtazama mikono, akasema, "Unajua mayai wewe. Yai ni yai." Maneno mepesi hayo, lakini mepesi ndiyo huelea, na mtu akadhani maji ni mafupi.

Mjusi yule alizaliwa kwenye chumba cha vioo, na mama yake vilevile, lakini mwili wake haukuwa na habari. Mwili ulibaki kwao, kwenye msitu wa mvua isiyokatika, juu ya tawi lililoinamia mto. Huko kwao mijusi wa kabila lake hulala juu ya matawi, miguu ikining'inia huku na huku kama nguo iliyosahauliwa kwenye kamba, maji yakipita chini. Akihisi adui hafikiri mara mbili. Hujiachia, chubwi! Huogelea kwa mkia, mikono kaibana mbavuni, akajibanza kwenye mizizi ya chini robo saa nzima na zaidi bila kuvuta pumzi, mpaka aliyemfuata achoke aende zake. Na utosini ana jicho la tatu, dogo kama punje ya mtama. Halioni sura wala rangi. Linajua mwanga na kivuli tu, ili ndege wa kuwinda akipita juu, yeye awe amekwisha kujua.

"Kitendawili!" marehemu alikuwa akiwaambia wageni.

"Tega!"

"Nina mlinzi, analala na dirisha la paa wazi."

Wageni walishindwa, wakampa mji, naye akawaonyesha ile punje juu ya kichwa cha mkewe wa pili, amefurahi kama aliyemuumba mwenyewe.

Kitu kimoja tu mjusi huyo hakijui, nacho ni kioo. Msituni hakuna ukuta unaopitisha mwanga. Basi alikuwa akiukandamiza mdomo kioo kile akitafuta njia, akausugua mpaka ukatoka damu, na watunzaji wakapaka rangi nyeupe upande wa chini ili ajue kuwa hapa ndipo dunia inapokomea.

Mama Vifaranga naye alikuwa na kioo chake. Miaka mitatu baada ya msiba, alikuwa akifuta madirisha, akasikia nyuma yake: chubwi. Akageuka. Mjusi yuko palepale kwenye tawi, mkavu, na maji ya bwawa yametulia, hayana hata duara moja. Siku ya pili tena. Hakumwambia mtu. Ungemwambia nani? Lakini alikumbuka ni nani aliyezoea kuvua viatu na kutumbukiza miguu kwenye bwawa lile wakati wa kulisafisha, na tangu siku hiyo akawa anaingia chumbani kwa kubisha hodi.

Wiki ya pili ya mambo hayo, wifi yake akaja mbio. Wifi huyu, dada wa marehemu, alitunza ndege kwenye banda la jirani, na mdomo wake haukupitwa na kasuku hata mmoja.

"Wifi! Njoo uone. Mke mwenzio ana tumbo!"

"Tumbo la nini? Kashiba."

"Kashiba ndiyo anachimba hivi? Mtazame kucha. Mjane wa miaka miwili huyo! Tumuulize bwana ni nani, au tunyamaze tusimfedheheshe?"

"Koma, wifi."

"Nimekoma. Lakini funguo za chumba anazo nani? Wewe. Umemwingizia nani?"

Kweli, dume wake alikuwa amekufa miaka miwili nyuma. Jike akachimba siku mbili kwenye mchanga wa pembeni mwa bwawa, akageuka, akataga mayai saba, akayafukia, akaushindilia mchanga kwa kichwa chake pwu, pwu, pwu, akapanda tawini na asitazame tena chini. Ndivyo walivyo. Mama wa mijusi akishafukia, kwisha. Hamjui mwanawe wala mwanawe hamjui.

Daktari wa wanyama alikuja akavaa miwani. "Hutokea," alisema. "Si mara nyingi. Jike wa aina hii akikaa peke yake, mayai yanaweza kujitia uhai yenyewe."

"Kumbe!" alisema wifi. "Basi wanaume watafute kazi nyingine."

Daktari alicheka kidogo, kisha hakucheka. "Bustani haina mwingine wa aina hii, na huyu amezeeka. Haya yasipotoka, chumba hiki tutakifunga." Akamvika Mama Vifaranga ufunguo wa kijichumba cha sanduku la joto shingoni kama medali. "Ufunguo mmoja, mtu mmoja. Sitaki mikono mingi."

Mama Vifaranga aliyafukua mayai kwa vidole viwili, polepole. Ni mayai meupe, laini, ganda lake kama ngozi ya kiatu kipya, nayo hunywa maji ya mchangani yakanenepa. Kabla hajalinyanyua hata moja, alilitia kila yai nukta ya penseli juu. Yai la mjusi halina sheria ila moja: lilivyolazwa na mama yake ndivyo libaki mpaka mwisho. Mtoto hujishika kwenye ganda upande wa juu. Ukiligeuza, umemning'iniza kichwa chini ndani ya maji yake mwenyewe.

Sheria hiyo anaijua sana sasa. Na hapa ndipo penye kidonda, tukifungue.

Miaka mitatu nyuma, dume akiwa hai, Mke Mwenza alitaga mayai kumi na mawili. Umeme wa bustani ulikuwa unatengenezwa, marehemu akalihamishia sanduku la joto nyumbani, chumbani kwao, akayatia mayai nukta za penseli. Siku ya nne akaanguka, akalazwa hospitali. "Nitazamie joto na unyevu," alimwambia mkewe. Hakusema zaidi. Angesema nini zaidi? Yeye hakuwahi kuwaza kwamba kuna mtu duniani anayegeuza yai. Na mkewe hakuwahi kuwaza kwamba kuna mtu asiyegeuza. Kule kiwandani yai la kuku lisipogeuzwa mtoto hugandana na ganda akafa. Hugeuzwa saa mbili asubuhi, saa nane mchana, saa mbili usiku, kengele ikilia mikono inakwenda yenyewe. Na ili usisahau lipi limegeuzwa, upande mmoja unatia alama ya penseli, upande wa pili nyingine.

Basi aliziona nukta za mumewe, moyo ukamlainika. Akasema, masikini, hata katika kuumwa ameniwekea alama. Akatia viduara upande wa pili. Akayageuza kwa mapenzi yote, mara tatu kwa siku, siku tisa.

Siku ya tisa mumewe alimwuliza kitandani kwa sauti ya kunong'ona, "Mayai je?"

"Usiwe na wasiwasi, mume wangu. Sijakosa kuyageuza hata mara moja."

Mwanaume alimtazama. Alimtazama muda mrefu. Kisha akafumba macho akasema, "Vizuri." Alfajiri akafariki.

Siku ya msiba nyumba ilijaa. Wifi, akilia na kuchemsha maji ya waombolezaji, alichomoa waya wa sanduku la joto akachomeka birika, na asikumbuke kuurudisha mpaka kesho yake. Mayai yalipofunguliwa na kuonekana yamekufa yote, watu walisema: birika. Mama mkwe alisema: birika. Mama Vifaranga mwenyewe alisema birika, na alisema kwa moyo mweupe, kwani hakujua. Wifi alijitupa chini akapiga ukelele kuliko ule wa mazishi. "Nimeua mabaki ya kaka yangu!"

Miezi minne baadaye, akifundishwa kazi mpya, daktari akamwambia ile sheria moja. Mama Vifaranga aliinama kufunga kiatu kisichokuwa na kamba. Ndipo alipoelewa jicho la mumewe pale kitandani. Lakini lile "vizuri" hakulielewa, na mpaka leo alikuwa hajalielewa. Alikuwa amesamehewa, au alikuwa ameachiwa deni la rohoni?

Naye hakumwambia wifi. Leo, kesho, wiki ijayo. Siku hufuatana kama siafu. Miaka mitatu wifi hakuwahi kukanyaga kijichumba cha sanduku la joto. Akipita pale hata mzaha humkatika.

Haya. Wiki moja baadaye Mama Vifaranga aliyamulika mayai kwa tochi. Moja lilikuwa tupu. Sita yalikuwa na nyuzi nyekundu ndani, nyembamba, zikichezacheza. Sita! Alitoka nje akakaa kwenye benchi akajifuta macho kwa ncha ya kanga.

Ilipofika wiki ya tatu, alifungua sanduku jioni akakuta yai la pembeni halina nukta. Aliinama. Nukta ilikuwa chini.

Aliushika ufunguo kifuani. Mlango ulikuwa umefungwa, ufunguo uko shingoni mwake, una joto la ngozi yake. Alilirudisha yai, nukta juu. Baada ya siku tatu lilianza kunyauka, likawa la njano, likaota ukungu.

Wiki iliyofuata, la pili.

"Ni wewe," alisema, amesimama katikati ya kijichumba kile chenye joto la kinywa cha mtu. "Umekuja kunionyesha. Nimeona, baba. Nimeona. Mimi nichukue, lakini hao waache."

Nyuma yake, kwenye bwawa upande wa pili wa ukuta: chubwi. Hakugeuka.

Yakabaki manne. Mama Vifaranga hakuwa mtu wa waganga, ila alikuwa mtu wa vitendawili, na kitendawili hutegwa kwa mtego. Siku ya Alhamisi, baada ya kupima joto asubuhi, alirudi kinyumenyume mpaka mlangoni akinyunyiza unga wa ngano sakafuni, mwembamba kama vumbi. Akafunga. Akajiapiza hatarudi kabla ya saa kumi na moja jioni. Kama marehemu hutembea, atakanyaga. Na kama hatembei kwa miguu, basi na hilo tutalijua.

Saa kumi na moja alifungua.

Unga ulikuwa umekanyagwa. Nyayo zilitoka mlangoni zikaenda moja kwa moja kwenye sanduku, zikarudi. Zilikuwa za ndala, na ndala ya kushoto ilikuwa imelika kisigino upande wa nje. Mama Vifaranga aliutoa mguu wake wa kushoto, akauweka juu ya alama ile taratibu, kama mtu anayepimwa kiatu.

Ulienea.

Aliketi palepale kwenye unga. Alijaribu kuukumbuka mchana ule. Alikumbuka kula. Alikumbuka ile kengele mpya, iliyoanza kupigwa mwezi ule saa nane mchana kuwaita wageni waje kuona ndege wakilishwa. Baada ya kengele hakukumbuka kitu mpaka pale alipokuwa anafunga mfereji. Katikati palikuwa na shimo. Aliyatazama mayai manne. Nukta zote zilikuwa juu. Labda leo mikono ilisita, labda Mungu aliingilia. Mikono yake aliiweka mapajani, akaitazama kama inavyotazamwa mikono ya mgeni aliyekula na wewe na humjui kwao.

Kesho yake, saa saba na nusu mchana, alimfuata wifi kwenye benchi, wifi akimenya mapapai ya ndege.

"Wifi, chukua huu." Akamwonyesha ufunguo. "Mgongo unanisumbua. Nilindie wiki tano zilizobaki."

Wifi aliusukuma ufunguo kwa ncha ya kisu. "Mimi? Mpe mwingine."

"Daktari hataki mikono mingi. Wewe ni mwangalifu."

"Mwangalifu!" Wifi alicheka, na kicheko chake kilikuwa kikavu. "Wifi, mimi ndiye mwenye birika. Umesahau? Mama yangu mzazi mpaka leo nikienda kwake anachemsha maji mwenyewe. Kwenye sanduku lile sitatia mkono mpaka naingia kaburini. Nenda kakande mgongo wako."

Mama Vifaranga aliitazama saa iliyokuwa ukutani mwa banda. Ilikuwa saa nane kasoro robo. Mayai yamebaki manne, na robo saa hii ikiisha miguu yake itanyanyuka. Angeweza kuutupa ufunguo bwawani. Lakini nani apime joto, nani anyunyize maji? Njia ilikuwa moja, nayo ilipitia kinywani mwake.

"Kitendawili," alisema.

Wifi aliinua macho. Hawakuwa wametegana siku nyingi. "Tega."

"Aliua watoto kumi na wawili akiwabembeleza, kesi akapewa jirani."

"Mh! Cha leo kibaya. Nguruwe, kawalalia wanawe?"

"Siye."

"Nimeshindwa. Chukua mji."

"Siutaki mji." Akashika ukingo wa benchi. "Mimi, wifi. Ni mimi. Si birika."

Kisha akasema yote, hana mpangilio, kiwanda na kengele, nukta na viduara, jicho la marehemu na lile neno lake, daktari na kiatu. Wifi alikuwa bado ameshika papai. Maji ya papai yalimtiririka mpaka kwenye kiwiko, asiyafute.

"Tangu lini unajua?"

"Miezi minne baada ya msiba."

"Karibu miaka mitatu, basi, umekaa na mimi benchi hili." Wifi alizungumza polepole, kama anayesoma barua ya mtu mwingine. "Unaninywesha chai yako. Unanisikia najiita muuaji, unaniongezea sukari."

"Wifi..."

"Usiniite."

Kengele ikalia.

Ndege wakaanza kupiga kelele bandani. Mama Vifaranga alihisi magoti yakinyooka. Hakuyaambia, yalinyooka. Na mikono yake mapajani ikaanza kwenda, kiganja juu ya kiganja, kwa upole mwingi, ikizungusha kitu kisichokuwepo, kimoja, kingine, kingine. Uso wake ulikuwa umetulia kama wa mtu aliyelala. Wifi aliona. Alimwona mke wa kaka yake anaondoka na mwili wake umebaki.

Akatupa papai. Alimshika mikono yote miwili kwa mikono yake yenye utomvu, akaibana mpaka mifupa ikalia.

"Rudi!" alimfokea usoni. "Rudi hapa! Hujaniomba radhi bado, utakwenda wapi?"

Mama Vifaranga alipepesa macho. "Nimekwenda?"

"Umekwenda, ndiyo." Wifi alikuwa analia na hasira haijampungua hata chembe. Akauvuta ufunguo kutoka shingoni mwa mwenzake kwa nguvu, uzi ukakatika. "Utakaa hapa. Saa nane kila siku utakaa hapa, mbele ya macho yangu, unamenya mapapai. Sheria ya sanduku ni nini?"

"Lisigeuzwe."

"Nini tena?"

"Joto na unyevu tu."

"Hivyo tu? Kumbe ndivyo kaka alivyosema." Akaenda. Ndege walipiga kelele siku ile mpaka saa tisa.

Wiki tano wifi hakumwambia Mama Vifaranga neno lolote ila la kazi. Saa nane mwenzake alimenya mapapai, mikono ikitaka kwenda, naye alimkazia macho mpaka kengele inyamaze. Bwawani vilevile hapakusikika chubwi, ila ya mjusi mwenyewe anaposhuka kuoga. Huenda marehemu aliridhika. Huenda hakuwahi kuwa yeye. Mama Vifaranga aliendelea kubisha hodi.

Siku ya sitini na sita, wifi alitoka kwenye kijichumba akasimama mlangoni, amelowa jasho.

"Wamepasua," alisema. "Wote wanne. Wametoa vichwa tu, wametulia wanaitazama dunia. Mmoja kanitazama mimi."

"Naweza...?"

"Kesho. Leo ni Jumapili." Wifi alivua aproni akaikunja mara nne. "Leo tunakwenda kwa mama. Utamwambia kwa mdomo wako, mimi nikiwepo. Mimi sitakusaidia hata herufi moja."

Walikwenda kwa miguu. Wifi alitangulia hatua tatu njia nzima. Walipofika kwenye nyumba ya kijani, hakupiga hodi. Alijiweka pembeni mwa mlango akamwachia mwenzake nafasi.

"Hodi," alisema Mama Vifaranga.

Kizee alifungua, miwani iko kwenye paji la uso. Alimtazama mkwe, akamtazama bintiye, akaishusha miwani ili awaone sawasawa, maana ilikuwa miaka hawajasimama mlangoni pake pamoja.

"Kuna nini, wanangu? Nani amefariki?"

"Hakuna aliyefariki, mama," alisema Mama Vifaranga. "Tukae kwanza."